Noti sita mbele ya mlango: tusikilize Wimbo wa Wakati kwa makini



Kuko nyimbo zenye tunapenda juu zilitukuta tungali watoto, na kuko zenye tunapenda juu zimejengwa vizuri. Mara mingi tunachanganya hizo mbili. Wimbo wa Wakati, wenye Koji Kondo alitunga kwa mchezo wa video The Legend of Zelda: Ocarina of Time, umeteswa na mchanganyiko huo tangu zamani. Upande moja kuko wenye wanausifu na machozi ku macho, na ukiwauliza juu ya nini ni mzuri, wanakujibu tu: "Ah, unanikumbusha utoto." Upande ingine kuko wenye wanasema mtu mwenye lisansi hawezi kukaa chini na kujadili miziki ya mchezo wa watoto. Mimi naona pande zote mbili hazijausikiliza.

Neno langu ni hili. Wimbo huu ni moja ya ibada chache za kubuniwa zenye zinasimama kwa miguu yao. Muziki wake unabeba uzito wa kweli, na uzito huo unaweza kuelezwa kwa noti, bila kukimbilia kumbukumbu za mtu. Lakini mchezo wenyewe wa 1998 uliupa wimbo ahadi kubwa, kisha haukuilipa yote. Deni lililipwa ku mchezo wenye ulifuata, Majora's Mask, mwaka 2000. Tuone namna gani.

Tuanze na mambo ya msingi kwa wenye hawajagusa huo mchezo. Ocarina of Time ilitoka Novemba 1998 kwa mashini ya Nintendo 64. Koji Kondo, Mjapani mwenye alizaliwa Nagoya mwaka 1961, aliingia kazi kwa Nintendo mwaka 1984, na mwaka uliofuata miziki yake ya Super Mario Bros. ikaanza kuzunguka dunia, hata kwa watu wenye hawajui jina lake. Ku Ocarina of Time alipewa kazi ngumu: mchezaji mwenyewe njo anapiga chombo. Ocarina ni firimbi ndogo ya udongo, ya mviringo, na haiko kitu cha hadithi tu. Ile tunayoijua leo ilitengenezwa na kijana wa Italia, Giuseppe Donati, ku Budrio, karibu mwaka 1853, na jina lake kwa lugha ya kule ni kusema bata bukini mdogo. Ndani ya mchezo inapigwa kwa vifungo vitano tu, na vifungo vitano ni noti tano: re, fa, la, si, na re ya juu. Kwa hizo noti tano Kondo alipaswa kutunga nyimbo zaidi ya kumi, kila moja fupi, isifanane na ingine, na mtoto aweze kuishika bila kuandika.

Sasa munipe sikio. Wimbo wa Wakati hautumii hata zote tano. Unatumia tatu za chini: la, re, fa. Halafu tena la, re, fa. Basi. Wenye munaimba kwaya, muimbe polepole: muanzie ku la, mushuke ku re, mupande ku fa. Murudilie. Hapo mumeshakuwa na kila kitu chenye mchezaji anapiga.

Juu ya nini inasikika kama ibada? Re, fa na la pamoja zinafanya akodi ya re minore, akodi yenye kila mpiga gitaa anaijua kwa vidole. Lakini Kondo hakuanza ku re, yenye iko nyumba ya hiyo akodi. Alianza juu, ku la, akashuka nyumbani, na pale akakaa kidogo, juu re inashikwa murefu kuliko wenzake. Ni kama mtu anapiga magoti. Kisha anainuka ku fa na anaishia pale, mahali pasipo pumziko. Ukimaliza noti sita, sikio linangoja. Wimbo haujajifunga, umeacha nafasi ili kitu kingine kimalizie. Kwa wimbo wa kufungua mlango, hiyo njo kazi sawasawa. Kama Kondo angemalizia ku re, ingekuwa tangazo: nimefika. Kwa kuishia ku fa, inabaki ombi.

Na kurudilia mara mbili pia kuko na maana. Mara ya kwanza unasikia noti tatu, unafikiri ni mwanzo wa kitu. Mara ya pili unaelewa kama kitu chenyewe ni hicho. Namna hiyo njo tunasali: neno la kwanza linaita, neno la pili, lile lile, linaonyesha kama hatuko na neno lingine la kusema. Mu hadithi kuko mawe matatu ya kiroho yenye yanapaswa kuwekwa juu ya altare, na alama takatifu ya ile dunia ni pembetatu tatu. Sisemi Kondo alihesabu. Nasema sikio linapokea tatu na tatu, na macho pia, na vinapatana.

Ukiingia ndani ya Hekalu ya Wakati, unasikia wimbo kwa umbo lake murefu. Hapo hakuna ngoma, hakuna gitaa, hakuna akodi za kusindikiza. Kuko sauti kama za kwaya ya wanaume, mstari moja tu wa sauti, bila maneno, na mwangwi wa mawe. Baada ya noti sita mstari unaendelea, unapanda, unapita ku si, na mwisho wa mwisho unashuka na kupumzika ku re. Hiyo si ndogo njo siri. Ku re minore ya kawaida, si inashushwa, inakuwa bemoli. Hapa haijashushwa. Mstari unakuwa wa modo ya kale, ile wasomi wa Kanisa waliita doriani, na modo hiyo iko kila mahali ku nyimbo za Kigregori. Sauti moja, bila kipimo cha kuchezesha mwili, bila ngazi za minore zenye tulizoea ku radio: kila mtu mwenye alisikia Kyrie ya Kilatini hata mara moja anajua pale amefika, hata kama hajui jina la modo. Na tusisahau kama hata majina haya re, fa, la yenye tunatumia leo yalitoka kule kule, kwa monaki Guido wa Arezzo, mu karne ya 11, mwenye alikuwa anatafuta njia ya kufundisha waimbaji wake haraka.

Basi mtu anaweza kusema: kumbe Kondo aliiba tu sauti ya Kanisa na kuipaka rangi ya hadithi. Hapa tufanye ulinganisho ndani ya mchezo ule ule, juu Ocarina of Time iko na mfano mzuri wa kazi hiyo ikifanywa vibaya. Kopi za kwanza za mchezo, ku Hekalu ya Moto, zilikuwa na muziki wenye sauti za watu wakitamka maneno ya sala ya Kiislamu, sauti yenye ilirekodiwa na kuchanganywa na muziki. Ku kopi za nyuma sauti hizo ziliondolewa, zikawekwa zingine. Kuna watu mpaka leo wanalilia ile ya kwanza, wanasema ilikuwa na nguvu zaidi. Mimi siko nao. Ile ilikuwa sala ya watu wenye wako hai, wenye wanaisali kila siku, na ilitumiwa kama pambo la kutisha mahali pa moto na mazimwi. Nguvu yenye ilisikika haikuwa ya mchezo, ilikuwa ya wenyewe wenye sala.

Ku Wimbo wa Wakati Kondo hakukata kipande cha ibada ya mtu. Alichukua sarufi yake: sauti moja, modo ya kale, kurudilia, mwangwi. Kisha kwa sarufi hiyo akaandika sentensi mpya. Hiyo tofauti ni kubwa, na ni somo kwa kila mwenye anataka kubuni dunia, awe anaandika riwaya, tamthilia, ao anatengeneza mchezo kwa simu. Ukikata kipande cha ibada ya wengine na kukibandika, utapata mshangao wa siku moja na aibu ya siku mingi. Ukijifunza namna ibada inajengwa, unaweza kujenga yako.

Sasa tuangalie ibada yenyewe inafanya nini ndani ya hadithi. Link, mtoto wa msituni, amezunguka inchi ya Hyrule kutafuta mawe matatu. Zelda, binti wa mfalme, anakimbia usiku juu ya farasi, na katika kukimbia anatupa Ocarina ya Wakati ndani ya maji yenye yamezunguka mji. Link anaiokota, na kwa njia ya maono Zelda anamufundisha wimbo. Anaenda hekaluni, anaweka mawe, anapiga noti sita, Mlango wa Wakati unafunguka. Ndani kuko upanga. Anaushika.

Na pale kila kitu kinaharibika. Ganondorf, mwenye alikuwa anatafuta kuingia mahali patakatifu na hakuwa na ufunguo, anaingia nyuma yake. Link, juu angali mtoto na upanga unataka mtu mzima, analazwa usingizi wa miaka saba. Anapoamka, soko lenye alipita jana likiwa na muziki na mbwa na watu wanacheza, sasa ni magofu na maiti zenye zinatembea.

Mutazame vizuri hiyo. Ibada haikukosewa. Mawe yalikuwa matatu, chombo kilikuwa cha kweli, wimbo ulipigwa sawasawa, moyo wa mtoto ulikuwa safi. Ni kwa sababu yote yalifanywa vizuri kama adui aliingia. Mingi ya hadithi za namna hii zinatufundisha kwamba ukifuata masharti, utapata thawabu, na ukipata hasara, basi ulikosea sharti fulani. Hapa hapana. Mtoto alifanya yote aliyoambiwa na wakubwa wenye hekima, na akapoteza miaka saba. Halafu ukirudi hekaluni, kwaya inaimba vile vile. Haikubadilika hata nusu noti. Mimi naona hapo njo mchezo wa 1998 uko juu kabisa: wimbo hauombi msamaha na haukushitaki. Unaendelea kuwa mzuri mahali mabaya yalitokea.

Nimeshausifu vya kutosha. Tugeuke upande ingine.

Jina lake ni Wimbo wa Wakati, chombo kinaitwa Ocarina ya Wakati, mlango ni wa Wakati, na mchezo wote umebeba jina hilo. Swali la mwanafunzi wa mwaka wa kwanza: wimbo huu unafanya nini kwa wakati? Jibu ni: ku Ocarina of Time, karibu hakuna. Mwenye anasogeza wakati ni upanga. Link akiurudisha ku jiwe lake, anakuwa mtoto tena. Akiuchomoa, anakuwa kijana. Wimbo ulifungua mlango mara moja tu, na kazi yake kubwa ikaishia pale. Baada ya hapo unatumika kuondoa ao kurudisha majiwe ya bluu yenye yanaziba njia. Ndiyo, majiwe. Ule mstari wenye ulitetemesha hekalu unageuka kuwa kama rimoti. Unasimama mbele ya jiwe, unapiga la re fa la re fa, jiwe linapotea, unapita. Hata kule mwisho wa hadithi, Zelda anapomurudisha Link ku utoto wake, kitendo kikubwa cha wakati kuliko vyote, hapigi Wimbo wa Wakati. Anapiga wimbo wa kubembeleza wenye ni wa familia yake.

Wapenzi wa mchezo watanijibu: hiyo inagusa moyo zaidi, juu ni kwaheri ya Zelda. Kwa moyo, nakubali. Kwa ujenzi, hapana. Ukimupa mtu cheo cha jaji, usimutume kila siku kununua mkate, na siku ya hukumu umuite mwingine. Wimbo ulijengwa kama ibada kubwa, ukapewa kazi ndogo, na kazi kubwa ikapewa wengine. Hilo ni kosa la ujenzi, na sifa za mashabiki hazilifuniki.

Njo hapa Majora's Mask inaingia. Ilitoka Japani Aprili 2000, ku mashini ile ile, Eiji Aonuma na Yoshiaki Koizumi wakiongoza, na Kondo tena ku muziki, mara hii pamoja na Toru Minegishi. Link anajikuta mu inchi ingine, Termina. Mwezi wenye uso wa hasira unashuka juu ya mji, na utaanguka baada ya siku tatu. Siku hizo tatu, kwa saa yetu, ni dakika 54. Hakuna kazi kubwa yenye unaweza kumaliza yote kwa dakika 54. Basi usiku wa tatu, juu ya mnara wa saa, Link anapata tena ocarina yake, anamukumbuka Zelda, na anapiga noti sita zile zile.

Wakati unarudi nyuma, asubuhi ya siku ya kwanza.

Hapo kwa mara ya kwanza wimbo unafanya kile jina lake linasema. Noti hazikubadilika, la re fa la re fa. Lakini kumbuka vile tulisema: mstari haujifungi, unaishia mahali pa kungoja. Ku mchezo wa kwanza kilichofuata kilikuwa mlango. Ku mchezo wa pili kinachofuata ni mwanzo wenyewe, tena na tena. Umbo la wimbo, kile kipande chenye kinarudilia bila kufika nyumbani, limekuwa umbo la mchezo mzima. Sijui kazi mingi zenye motifu moja imepata maana yake kamili kwa kuhama tu kutoka hadithi moja kwenda ingine, bila kuguswa hata noti.

Na bei iko. Ukipiga wimbo, unabaki na vyombo vyako vya maana, barakoa zako na nyimbo zenye ulijifunza. Unapoteza franga zenye uliko nazo mfukoni, mishale, mabomu, vitu vidogo vidogo vyote. (Franga zenye uliweka ku benki ya mji zinabaki, juu mwenye benki alikupiga muhuri ku ngozi na muhuri unasafiri na wewe. Wenye munajua habari za benki, mutacheka.) Lakini hasara kubwa haiko ya franga. Watu wenye ulisaidia wanasahau. Mtoto mwenye ulimutuliza, analia tena. Kuko bibi na bwana harusi, Anju na Kafei, wenye utatumia karibu siku zote tatu kuwaunganisha, na wanakutana ku saa za mwisho kabisa, mwezi uko juu ya paa. Wanaapa, wanakupa barakoa. Kisha unapiga la re fa la re fa, na asubuhi Anju iko nyuma ya meza ya hoteli, anamungoja mtu mwenye amepotea. Barakoa iko mkononi mwako. Ni wewe peke yako unajua ilitoka wapi.

Muziki wa mji nao unasaidia. Siku ya kwanza iko na mwendo wa kawaida, siku ya pili inaenda haraka, siku ya tatu inakimbia na chini yake kuko sauti ya kutisha. Melodi ni ile ile, ni wakati wenye unabanwa. Halafu ku saa sita za mwisho, haraka yote inakatika, na unasikia muziki wa polepole wenye huzuni, na kengele. Mtu mwingine angeweka pale ngoma za hatari. Walioandika hapa walielewa kama mwisho ukiwa karibu sana, watu hawakimbii tena.

Kuko jambo lingine lenye wakosoaji mingi wanalipita. Ku kopi ya Nintendo 64, kupiga Wimbo wa Wakati njo ilikuwa namna ya kuhifadhi kazi yako kabisa ku mashini. Sanamu za bundi zilikuwa za kuhifadhi kwa muda tu. Ibada na kazi ya ofisi, kitu kimoja. Kuko mtu anaweza kusema hiyo inaua utakatifu: mara ya ishirini unapiga noti kama mtu anatia sahihi ku karatasi, bila kusikia. Ni kweli, unafika pale. Lakini mimi nauliza: ibada gani ya kweli haifiki pale? Mama mwenye anasali rozari kila jioni hatetemeki kwa kila neno. Kuko siku anasali na anawaza bei ya unga. Halafu siku ya msiba, maneno yale yale yanamubeba. Ni mazoea yenye yaliyaweka ku mdomo wake. Majora's Mask inaelewa hilo, sijui kama kwa kupanga ao kwa bahati. Unapiga wimbo mara kumi na tano kama karani, na mara ya kumi na sita ni baada ya Anju na Kafei, na kidole kinasita ku kifungo.

Lawama yangu moja kwa mchezo wa pili: uliongeza nyimbo mbili ndogo pembeni. Ukipiga noti kinyume, fa re la, wakati unaenda polepole; ukipiga kila noti mara mbili, wakati unaruka mbele. Ya kinyume naikubali, juu iko na mantiki: umegeuza mstari, umezuia mto. Hii ya kuruka mbele ni urahisi wa mchezaji tu, kama kufupisha kungoja. Ku mchezo wenye unahubiri kama kila saa iko na uzito, kuwapa watu njia ya kuzitupa saa ni kujipinga. Wenye walicheza watanijibu kama kungoja usiku ufike ili mtu fulani apite njiani kunachosha. Ndiyo, kunachosha. Kungoja kunachosha.

Na hapa, wenzangu, naomba tusikilize tena mara moja kwa masikio yetu sisi. Wengi kati ya wenye wanasoma hapa wamevaa toga, wamesimama mstari, wameitwa majina, wamepigwa picha na familia. Masharti yote yalitimizwa: kozi, kazi ya mwisho wa masomo, utetezi, minervali. Mlango ulifunguka. Na nyuma ya mlango kuko wenye walikuta miaka. Sisemi miaka saba, kila mtu anajua hesabu yake. Tunaambiana mara mingi kama mwenye anangoja lazima alikosea kitu: hakuchagua fakilte nzuri, hakujua mtu, hakusali vya kutosha. Mchezo wa 1998, kwa noti sita, unasema kitu chenye watu wetu hawapendi kusema: inawezekana ulifanya yote vizuri, na miaka ikaenda. Kosa haliko lazima liwe lako. Naona hilo ni neno zito, na naona ni la haki.

Mchezo wa pili unaongeza kitu kigumu zaidi. Link anapata kile wengi wetu tungeomba: arudi asubuhi ya kwanza. Na tunaona haikumupa raha. Anarudi na maarifa, bila mashahidi. Kila mtu anamusalimia kama mgeni. Analipwa kwa kujua mlango gani wa kupiga hodi na saa gani, na analipa kwa kuwa peke yake na hiyo hesabu. Sijui kama ningekubali biashara hiyo. Lakini naheshimu mchezo wenye uliionyesha bei kwa uwazi, na muziki wenye haukuifunika na sukari.

Basi hukumu yangu. Wimbo wa Wakati ni kazi ndogo yenye iko kamili: noti tatu, mara mbili, na umbo lenye linangoja. Ocarina of Time iliupa hekalu nzuri na kazi haba. Majora's Mask iliupa kazi yenye inaufaa. Kama unataka kuusikia vizuri, usianze na orkestra kubwa zenye wanazipiga leo ku matamasha na vinanda mia. Utafute toleo la hekalu, sauti za wanaume peke yao, uzime taa, na uhesabu re inashikwa murefu namna gani. Kisha ucheze Majora's Mask mpaka kwa Anju na Kafei, ku mashini ya zamani ao ku toleo la 2015 la Nintendo 3DS, na uone kidole chako kitafanya nini.

Wenye wanafikiri upanga ulipaswa kabisa kubaki na kazi ya kusogeza wakati, waje na hoja zao. Natamani kuzisikia, hasa za wale wa kwaya.